Anti, magoko yananiuma, kocha ni shemeji yangu na bonanza limekaribia

Shikamoo Anti,

Naomba jina langu usilitoe maana Tanga hii ndogo, ukikohoa Makorora wanakuitikia Chumbageni. Mie ni mama wa watoto watatu, nina miaka 38, nina kaduka ka madera na vitenge Ngamiani, na nyumba yetu imepakana na ya ukweni, kwa hiyo hata nikichechemea kwenda chooni wanaona.

Mwaka jana nilipima sukari kabla ya kula ikasoma 6.5. Daktari akaniambia hujawa mgonjwa wa kisukari ila uko mlangoni, punguza uzito na ufanye mazoezi. Anti, mie neno kisukari likitajwa mwili unasisimka. Mama yangu mzazi alikatwa mguu kwa ugonjwa huohuo na mpaka anafariki alikuwa wa kubebwa. Mume wangu ndiye alikuwa anamwinua kitandani na kumwingiza kwenye bajaji siku za kliniki, sijamsahaulia hilo.

Sasa shemeji yangu, mdogo wake mume wangu, ana kikundi cha joging, wengi wetu ni kina mama. Tunakutana Mkwakwani saa kumi na moja na nusu alfajiri, tunakwenda na barabara ya Bombo mpaka Raskazone halafu tunarudi, na Jumamosi maji yakiwa yamekupwa tunashuka ufukweni tunakimbia pekupeku mchangani. Nilianza kwa kutembea nyuma na wazee, ila shemeji alikuwa ananisifia, mwezi haujaisha nikawa nakimbia njia nzima, kila siku isipokuwa Jumapili. Kilo zimepungua, madera yananipwaya, na usiku sili tena, nakunywa chai ya rangi bila sukari nalala. Nilikuwa na raha ambayo siku nyingi sikuwa nayo, Anti, ukweli wa Mungu.

Halafu magoko yakaanza. Upande wa ndani wa mfupa, kuanzia kama katikati kushuka mpaka karibu na kifundo, miguu yote miwili ila wa kulia umezidi. Mwanzoni nilikuwa nikishapasha mwili maumivu yanakata, narudi nyumbani mzima. Siku hizi yananipokea pale pale Mkwakwani, yanakwenda na mimi mpaka Raskazone, na jioni nikisimama dukani bado yapo. Asubuhi nikishuka kitandani hatua za kwanza lazima nishike ukuta. Nikibonyeza na kidole naruka. Na usiku mmoja mmoja huo mguu wa kulia unaniamsha, nadhani ni uchovu tu.

Shemeji nilimgusia, akasema mwili mbishi lazima uulazimishe, ukisimama sasa hivi yote uliyovuna yanapotea. Mama mkwe, Mungu ampe maisha marefu, kila jioni ananikanda kwa maji ya moto na mafuta ya nazi yenye tangawizi, anausugua mfupa wenyewe mpaka machozi yananitoka anasema hapo ndipo damu iliyovilia. Duka la dawa wamenipa diklofenaki, nameza moja kabla ya kutoka na inanisaidia kufika. Mume wangu yeye ni neno moja tu, si nilikwambia.

Ninachotaka unisaidie ni hiki. Wiki sita zijazo kuna bonanza la mbio za kilomita 10. Shemeji ameshaniweka mbele kwa upande wa kina mama, amenitaja kwenye grupu la WhatsApp kuwa mie ndiye mfano, na juu ya hilo mimi ndiye mtunza hazina, hela za tisheti za watu wote ninazo mimi. Nikijitoa naonekana nimemdharau mbele ya watu, na huyo ni shemeji, siyo kocha wa kuokota barabarani. Mawifi tayari wananiita Mama Vianzio, eti cherehani nilianzisha nikaacha, kuku nilianzisha nikaacha, sasa wanasubiri na hili. Lakini kubwa linalonikosesha usingizi, nikiacha kukimbia sukari si itapanda? Na kwani hii miguu kuuma siyo sukari yenyewe imeshaanza kula kama ilivyomla mama?

Nivumilie mpaka bonanza lipite, au niache kabisa? Nijibu Anti maana hapa nyumbani kila mtu ana jibu lake.

Anayechechemea, Tanga

ANTI ANAJIBU

Marahaba mwanangu, na pole. Barua yako niliisoma nikairudia, halafu kwa kuwa mie si mtu wa mifupa nikaenda kukaa na mtaalamu wa fiziotherapia ninayemwamini, nikamsomea bila kutaja ni nani wala anakaa wapi. Kwa hiyo ya kitaalamu humu ni yake na ya umbea ni yangu.

Nikikuelewa vizuri, umepata dawa ya hofu yako, yaani kukimbia, na sasa dawa yenyewe inakuumiza, na aliyekupa ni ndugu wa mumeo ambaye huwezi kumwambia basi kirahisi. Wewe unaliona kama ni kuendelea au kuacha. Mie nadhani humo ndani kuna mambo kama matatu yamefungwa kwenye kitenge kimoja na wewe unayabeba yote kwa mpigo, kuna mguu, kuna sukari, na kuna ukweni. Hebu tufungue.

Tuanze na linalokuamsha usiku, sukari kula miguu. Ikianza kuharibu mishipa ya fahamu mara nyingi inaanzia chini kabisa, kwenye vidole na nyayo, mtu anasikia ganzi, au kuchomachoma, au moto, na haisubiri ukimbie, wengi inawasumbua zaidi wakiwa wamelala. Wewe unaniambia mfupa, upande wa ndani, ukibonyeza unaruka, ukikimbia unazidi. Hiyo picha haifanani na ya mama yako. 6.5 kabla ya kula ni kweli uko mlangoni, maana Shirika la Afya Duniani wanahesabu kuanzia 6.1 mpaka 6.9 kuwa eneo la tahadhari na kuanzia 7.0 ndiyo kisukari chenyewe, na hapo lazima wathibitishe. Ila hicho kipimo ni cha mwaka jana mwanangu. Tangu hapo umepungua, umekimbia, umebadilisha chakula, na bado unatishwa na namba ya zamani. Huoni kuna haja ya kupima upya kabla hujaamua lolote? Na siku hiyohiyo waombe wakuangalie na nyayo, wana kauzi laini wanagusia vidole kuona kama unasikia, ni kazi ya dakika chache tu.

Sasa mguu. Maelezo yako mengi yanaelekea kwenye maumivu ya ugoko ya wakimbiaji, yanawapata sana wanaoanza, wanajeshi wapya kambini, na wanaotembea umbali mrefu ambao hawakuzoea. Mfupa ukipigwapigwa na hatua za kila siku mwili unauimarisha, lakini kwanza unatoa sehemu ya zamani ndipo unajaza mpya, kama fundi anayebomoa ukuta uliopasuka kabla hajaweka tofali, na katikati hapo kuna wiki kadhaa ambazo mfupa ni dhaifu kuliko ulipoanza. Ukimpa fundi nafasi anajenga. Ukimletea kazi mpya kila alfajiri Jumatatu mpaka Jumamosi hajengi, anabaki kubomoa tu. Pumzi na moyo vinazoea haraka, ndiyo maana ulijisikia unaweza njia nzima, mfupa ndio haukuwa umefika hapo. Wala si udhaifu wako huo, na kusema kweli hata shemeji simlaumu sana, aliona pumzi yako nzuri, ugoko hauonekani.

Kuna sentensi moja umeipitisha haraka ukaifunika na neno uchovu, huo mguu wa kulia unaokuamsha usiku. Hapo mtaalamu wangu aliweka kalamu chini. Maumivu ya ugoko ya kawaida yanatandaa, ukipapasa na kidole kwenye ukingo wa ndani wa mfupa unakuta sehemu ndefu inauma, sentimita 5 au zaidi, yaani upana wa vidole vitatu na kuendelea, na ukilala yanatulia. Ukikuta pana sehemu moja tu ndogo, ya kufunika na ncha ya kidole, inayouma kuliko kwingine kote, na mguu unauma hata umepumzika au unakuamsha, hapo wanaanza kufikiria ufa mdogo kwenye mfupa. Sikutishi, inawezekana kabisa siyo. Lakini ufa huo ndio unaobadilisha hesabu zote za bonanza, maana ukiukimbilia unaweza kukua, na ukishakuwepo mara nyingi unadai wiki 6 mpaka 8 bila kukimbia, mwingine zaidi, na kuna wa upande wa mbele wa mfupa ambao ni mkorofi kweli. Kwa hiyo kabla hujafika kwenye nivumilie au niache, kuna swali la tatu hukuniuliza, huo mguu wa kulia una nini? Hospitali ya Bombo si mbali na njia yenu, mnapita hapo kila asubuhi, siku moja ungeingia badala ya kupita. Ila ujue na hili, picha ya eksirei wiki mbili tatu za mwanzo inaweza isionyeshe ufa kabisa hata kama upo, kwa hiyo wakikwambia picha safi na maumivu ya usiku bado yapo, usiichukulie kama ruhusa ya kukimbia, rudi uwaambie bado.

Na wengine mnaosoma hapa mkidhani yenu ni hayohayo: kama mguu mmoja umevimba kigimbi, una joto, umebadilika rangi, hiyo si ya kusubiri kesho, damu inaweza kuwa imeganda. Na kama ukikimbia mguu unakaza mpaka unyayo unakufa ganzi halafu ukisimama dakika chache unaachia, hilo ni jambo jingine na lina daktari wake.

Ile diklofenaki, mwanangu. Unasema inakusaidia kufika. Ni kweli inakufikisha, ila inafanya hivyo kwa kukunyamazishia mguu wakati ndio unataka kukwambia kitu. Ukiimeza kila siku inaweza kuumiza tumbo, presha na figo, na mtu mwenye sukari mlangoni figo zake anazihitaji. Hukuniambia kama mfamasia anajua unaimeza kila alfajiri ili ukakimbilie, mwambie. Siku unaumwa kweli kweli panado ni mpole zaidi, na barafu inasaidia watu wengi kupunguza maumivu, zile barafu za kuuza majumbani funga kwenye kanga kuukuu iliyokunjwa usiweke moja kwa moja kwenye ngozi, robo saa inatosha, mara mbili tatu kwa siku. Haiponyeshi mfupa, inatuliza tu.

Kuhusu mama mkwe sina ujasiri wa kumwambia mtu aache kukandwa na mkwe anayempenda, wangapi wanaitafuta hiyo bahati. Mikono yake ihame tu. Kwenye kigimbi, nyuma, kwenye nyama, hapo akande kwa upole na mafuta yake ya tangawizi ni raha. Pale kwenye mfupa unaouma asisugue, hakuna damu iliyovilia pale, panakera zaidi. Na maji ayajaribu kwanza kwa kiwiko, maana penye wasiwasi wa sukari mguu unaweza kuungua bila mtu kusikia.

Turudi kwenye nikiacha sukari itapanda. Hapa naomba nikubishie kidogo. Daktari alikwambia mazoezi, mbio uliziongeza wewe na shemeji. Kuna utafiti mkubwa wa Marekani ulichapishwa mwaka 2002, walichukua watu waliokuwa mlangoni kama wewe, wakawaomba mazoezi ya dakika 150 kwa wiki, mengi yakiwa ni kutembea kwa haraka, na kupunguza kama asilimia 7 ya uzito wao. Hatari ya kupata kisukari ilishuka kwa asilimia 58, dawa ya sukari iitwayo metformin peke yake ilishusha kwa asilimia 31. Dakika 150 ni nusu saa kwa siku tano. Kwa hiyo mguu ukikukatalia kukimbia haujakukatalia kupigana na sukari, hata ukikukatalia kutembea bado una njia. Wewe unakaa Tanga, mji wa baiskeli, kina mama wanapita na madera yao na mtoto nyuma na kikapu mbele, baiskeli haipigi mguu chini. Maji ya Raskazone yakijaa unaweza kutembea ndani yake yakiwa kifuani, mwili unakuwa mwepesi, jasho utalipata humo humo majini, ila vaa viatu vya maji au makubazi ya kufunga maana kuna miiba na magamba, na mtu wa sukari kidonda cha mguu hakitaki. Na kwa sababu hiyohiyo, pekupeku ya Jumamosi naitilia mashaka, ukiacha vidonda, mchanga laini unafanya kigimbi kivute kwa nguvu, na vinavyovutwa hapo vimeshikilia palepale panapokuuma.

Sasa hicho chakula cha usiku. Kukata sukari sawa, kupunguza wali sawa, lakini kulala na chai ya rangi halafu kuamka saa kumi kwenda kukimbia, mfupa utajengwa na nini? Mwili ukikosa chakula cha kutosha unabana matumizi, na mifupa inakuwa miongoni mwa vinavyobanwa. Nikuulize kama mama, siku zako zinakuja kama kawaida? Kama zimeruka au zimepotea tangu uanze, mwambie daktari, hiyo habari ni ya mfupa pia. Samaki, dagaa na vichwa vyake, maharage, mchicha, mtindi usio na sukari, kwetu pwani havikosekani, na ukila jioni kiasi chako sukari haitakushangaa.

Na raba? Hukuzitaja, kwa hiyo nakisia za mtumba kama za sisi wote. Sina neno na mtumba, ila raba inazeeka kabla haijachakaa. Iweke mezani uitazame kwa nyuma, ikiegemea upande mmoja wewe hujaivaa ujue ukiivaa nawe unaegemea. Bonyeza soli ya katikati na dole gumba, pale pembeni kwenye sponji, ikiwa ngumu na ina mikunjo mingi ilishakimbiwa na mtu mwingine ikaisha. Raba ya kukimbilia inakadiriwa kudumu kilomita 500 mpaka 800, na ya mtumba hujui mwenzio alishatumia ngapi. Lowesha unyayo ukanyage sakafu, kama unaacha alama ya unyayo wote bila tao, mwambie mtaalamu, watu wa hivyo huumwa magoko zaidi na kuna visoli vya kuweka ndani.

Haya, njia ulizo nazo. Unaweza kuendelea mpaka bonanza. Faida yake hutamkwaza mtu leo, na inawezekana ukamaliza. Hasara ni kwamba maumivu yako yameshatoka kwenye kukata ukipasha moto yakafika kwenye kukusindikiza siku nzima, yanapanda ngazi, na wiki sita za kupanda hivyo zinaweza kukuletea miezi ya kukaa, tena ukakaa wakati mbio zenyewe hujafika. Unaweza kuacha kabisa. Mguu huenda ukapona wenyewe, maana wengi hupona wakipumzika, lakini wewe na hofu yako ya mama, na lile jina la Mama Vianzio, nahisi ukikaa kabisa utarudi palepale siku ya kwanza usiyoumwa na kasi ileile na magoko yatakukaribisha tena, maana aliyewahi kuumwa hivi ndiye mwepesi kuumwa tena. Kuna na katikati, ambapo kukimbia kunasimama ila kikundi hukiachi, unakwenda Mkwakwani na baiskeli yako, unabeba maji, unatembea na wale wazee kama mguu hausemi kitu, na bonanza unalikabili siku ikifika kwa mguu ulio nao, labda utatembea, labda utakaa kwenye meza ya tisheti. Nayo ina bei yake, utawaona wenzio wanakupita kila alfajiri na wewe una pumzi ya kuwapita, usidhani ni rahisi.

Ukipewa ruhusa ya kuanza kuandaa mguu, mtaalamu alinionyesha mambo madogo ambayo mie mwenyewe nimeyajaribu barazani. Simama ukingoni mwa ngazi, visigino vikining'inia, panda juu kwa vidole ushuke polepole uhesabu tatu, goti likiwa limenyooka, halafu seti nyingine goti limekunjwa kidogo. Mara 15, pumzika, rudia mpaka seti tatu, siku moja ndiyo siku moja hapana. Halafu egemea ukuta kwa mgongo, visigino mbele kidogo, nyanyua vidole vya miguu juu uvishushe, utasikia mbele ya ugoko kunawaka, ni misuli hiyo. Ikiwa mfupa ndio unauma, acha. Kukimbia kwenyewe kunarudi pale unapoweza kutembea haraka nusu saa bila maumivu, na asubuhi yake ukashuka kitandani bila kushika ukuta. Huo ukuta wako ndio kipimo, mtaalamu aliupenda sana. Unaanza dakika moja kukimbia dakika mbili kutembea, siku mbili mfululizo hapana, na hatua ziwe fupifupi na za haraka kuliko ulivyozoea, ukihesabu hatua zako kwa dakika ziongeze kama asilimia 5 mpaka 10, unyayo utue chini yako usiurushe mbele. Na barabara yenu inainama kuelekea mtaroni, mkikimbia upande uleule kila siku mguu mmoja unakanyaga chini kuliko mwingine. Sijui kama ndiyo sababu ya kulia kuzidi, ila muulize shemeji mnashika upande gani.

Shemeji sasa. Wewe umeshaamua kuwa ukimwambia atadhalilika. Lakini hebu fikiria, ulimgusia tu, ulimwambia unaumwa usiku? Ulimwambia unameza vidonge ndipo unafika? Mie sidhani kama anajua, na kocha anayejaza watu kwa ajili ya bonanza halafu mtu wake wa mbele akavunjika mguu mbele ya watu, hiyo ndiyo aibu. Ukimpa nafasi ya kuwa wa kwanza kujua, kabla ya grupu, kabla ya mawifi, pengine hata umwombe yeye akusindikize hospitali, atakuwa ni kocha anayetunza watu wake. Inawezekana pia akanuna, simfahamu, vijana wengine wananuna. Wewe ndiye unayemjua, na unajua kama mama mkwe akisimama upande wako neno lake lina uzito gani.

Na mumeo. Umeniandikia kwa mkono wako kuwa ndiye aliyekuwa anamwinua mama yako, halafu ukaniandikia si nilikwambia kana kwamba ni watu wawili tofauti. Je, kama anayesema ni yuleyule wa kwenye bajaji, anakuona unashika ukuta asubuhi na anaogopa kuliko wewe? Sikulazimishi uamini hivyo, huenda ni mbishi tu kama wanaume wengine. Muulize siku amekaa vizuri, siyo alfajiri umevaa raba.

Mawifi waache. Cherehani na kuku ni mambo yao, ila jiulize peke yako, ile raha uliyoniambia ilikuwa ya kukimbia, ya kuonekana, au ya kutoka alfajiri na wenzio bila mtu kukuita mama? Jibu lolote ni halali, lakini kila moja lina njia yake, na nyingine hazihitaji kilomita 10.

Zile hela za tisheti, ukienda hospitali usiende nazo kwenye pochi. Zihesabu na mwenzio mmoja mbele ya daftari, mwandike nani katoa nani bado, mpe azishike mpaka utakapojua mguu umesemaje, hapo hata wakisema watasema mengine. Wasalimie nyumbani, na mama mkwe mwambie naomba hiyo resepi ya mafuta ya tangawizi, kiuno changu kinayahitaji.

Anti